Siku Jaji Aliponiuliza Ninakaa Wapi

Mume wangu alifungua shauri la talaka Geita, kwa sababu ndiko tulikokuwa tukiishi na ndiko anakochimba dhahabu hadi leo. Mimi nilikuwa nimesharudi kwa wazazi wangu Mhunze, mkoani Shinyanga, na watoto wetu wawili, mmoja darasa la tatu, mwingine ndiyo kwanza anaanza shule. Aliomba talaka, akaomba na watoto. Talaka ningeweza kuimeza. Watoto, hapana.

Shida ilikuwa njia. Kutoka Mhunze hadi Geita ni safari ya kupanda na kushuka, na mvua zikianza huna hakika ya kufika. Mara mbili nilikuta shauri limeshaitwa na kuahirishwa. Mara ya pili, karani mmoja, mama wa makamo, alinivuta pembeni.

"Dada, mara ya tatu watasikiliza upande mmoja. Utanyang'anywa watoto ukiwa bado uko stendi."

Ndiye aliyeniambia kwamba shauri linaweza kuhamishwa. Nikueleze na wewe, maana huenda uko palepale nilipokuwa. Jalada halihami kwa kuomba kwa mdomo. Unapeleka maombi mahakama ya juu, pamoja na kiapo kinachosema sababu: unakaa wapi, watoto wanasoma wapi, mashahidi wako wako wapi. Mwenzako anapewa nakala, anajibu, kisha jaji anawasikiliza nyote wawili. Msaidizi wa kisheria wa Shinyanga aliniandikia kiapo, akanisomea mara mbili. Kilikuwa kweli tupu. Nikasaini.

Siku ya kusikilizwa, mume wangu alikuja na mama yake. Nilimwamkia, "Shikamoo, mayu," kwa maana tangu niolewe nilimwita hivyo, mama, kwa Kisukuma. Ndiye aliyenilea katika uzazi wangu wote wawili. "Marahaba, mwanangu," akaitika, akanipangusa vumbi begani. Nadhani hapo ndipo niliposahau kilichonileta.

Tulipoitwa, jaji aliniuliza kwa upole, "Mwombaji, unakaa wapi?"

"Geita, mheshimiwa. Kwa mume wangu."

Sikukusudia kudanganya. Kwetu binti huagwa mara moja tu. Ng'ombe wa mahari wakishapokewa, hata ukilala kwa baba yako mwaka mzima, wewe ni mgeni pale. Majirani wakikuuliza unarudi lini kwako, unataja siku, hata ya kubuni. Mwanamke aliyefundwa hawezi kusimama mbele ya mama mkwe wake akasema kwake ni kwa baba yake. Akisema hivyo ametangaza kwamba ndoa imekufa. Kwa hiyo mdomo wangu ulijibu kwa adabu kabla kichwa hakijaamka.

Mume wangu hakungoja kuulizwa. "Mheshimiwa, si umemsikia? Kwake Geita. Sasa anataka kuhamisha nini, mabegi?"

Watu wa benchi la nyuma wakacheka. Jaji akawanyamazisha, akainua kiapo changu.

"Hapa umeapa kwamba unakaa Mhunze. Nichukue lipi?"

Kisha akakiweka mezani, akauliza kwa njia nyingine.

"Wiki iliyopita ulilala wapi?"

"Mhunze."

"Na watoto wanasoma wapi?"

"Mhunze, mheshimiwa."

"Geita unarudi lini?"

Lilikuwa swali la majirani, ila safari hii siku ya kubuni ingenigharimu watoto. Nilimtazama mayu. Alikuwa ameinama, anakunja na kukunjua pindo la kanga yake.

"Sirudi," nikasema. Sauti ilitoka ndogo, jaji akaomba nirudie. "Sirudi, mheshimiwa. Ninakaa Mhunze."

Mchana huohuo aliamuru shauri lihamie Shinyanga. Usidhani nilikuwa nimepewa watoto. Nilipewa nafasi ya kufika na kusikilizwa, basi. Ila bila nafasi hiyo hayo mengine hayapo. Nawe ukikosea mbele ya jaji, usikate tamaa. Mara nyingi atakuuliza tena. Jibu kilichopo, si kinachopaswa kuwapo. Ni kazi ngumu kuliko inavyosikika.

Nje, mayu alinifuata hadi kwenye kivuli cha ukuta.

"Umesema hurudi."

"Nimesema, mayu. Nisamehe."

"Sikulaumu. Huyo nimemzaa mimi, namjua." Akakaza kanga yake kiunoni. "Wajukuu zangu nitawaona wapi?"

"Mhunze. Njoo siku yoyote, watafurahi mno."

"Nije kwa baba yako kama nani?"

Alikuwa akifika pale kama mkwe, anapokelewa kwa vigelegele, na ukwe huo nilikuwa nimeukata muda mfupi uliopita kwa neno moja.

"Njoo kama bibi yao," nikasema mwishowe.

"Bibi yao," akarudia taratibu, kama mtu anayejaribu kiatu cha mwenzake. Mume wangu akamwita kutoka kwenye bodaboda. Akapanda kwa upande, akashika pindo la kanga lisipeperuke, wakaondoka bila yeye kuniambia kama atakuja.