Director alimrekodi nyanya yangu akilalamikia mifupa, akasema ni maombolezo ya kale

Wakuu, mambo. Mimi naandika polepole, na mbele za watu mdomo hunikauka. Lakini hii nilikuwepo, na sijaongeza chumvi.

Nyanya yangu anasuka nywele Kenyatta Market. Akaja director mmoja wa Kilimani anayetengeneza documentary ya tamaduni zinazopotea. Alitaka nyanya aimbe wimbo wa matanga mbele ya camera.

Sisi tuna kanda ya VHS ya harusi ya mjomba. Ni hiyo tu inayomwonyesha marehemu mama, bintiye nyanya, akitembea na kucheka, na hatuna mashine ya kuicheza.

Director akasema, "Shosho wako akiimba, nawawekea hiyo kanda kwa flash." Akaondoka na kanda.

Sasa, kwetu wimbo wa matanga hauimbwi kama hakuna aliyekufa. Ni kuita kifo.

Kwa hivyo siku ya kurekodi nyanya alifunga macho akaimba, kwa lugha yetu na kwa huzuni kubwa, jinsi mchoma nyama jirani yake sokoni anavyomfungia mifupa mitupu.

Director alilia. Sikumwambia maana yake. Nilitaka kumwona mama.

Siku ya kuonyesha filamu tulialikwa nyumba moja Loresho. Nyanya alikuwa ametiwa black and white, na mikwaruzo juu, kama amerekodiwa wakati wa mkoloni. (Simu yake ilionekana kifuani.)

Subtitles zikasema: "Mto umekauka, mababu wanatuita."

Nyanya akaninong'oneza, "Mto gani?"

Watu wakapiga makofi. Director akatangaza kwamba clip inaenda archive, watoto wa shule wajifunze. Kisha, "Kijana, simama utuambie maana yake kwenu."

Flash ilikuwa bado mfukoni mwake.

Nyanya akanifinya. "Sema ukweli. Unataka waje kuimba mifupa kwa matanga yangu?"

Nikasimama. Nikasema yote, nikiangalia viatu.

Halafu mama mmoja akacheka, na sebule nzima ikafuata.

Nilipoomba flash, director akasema tutaongea baadaye. Nyanya akamsogelea.

"Wewe si ulitaka wimbo wa matanga? Nipe mtoto wangu, ama nikuimbie sasa hivi. Jina lako kamili ni nani?"

Wakuu, flash ilitoka mbio.

Tuliifungulia cyber moja huko tao, katikati ya mji. Mama anapita na sinia ya chapati, anacheka na mtu asiyeonekana, basi. Nyanya alimwambia mwenye cyber airudishe nyuma mara tisa.

Nilichojifunza: kabla ya kuhifadhi maneno ya mtu, muulize anasema nini.

Kwenu kanda za zamani anazo nani? Na mchoma nyama, kama uko humu, jitetee.