Nusu ya Fimbo ya Shaba

Ipo siku moja, mwanangu, ninayoikumbuka hata nisipotaka. Ilikuwa Jumamosi ya kiangazi, upepo wa Ufipa unakata masikio, na shemeji yangu Maria, mke wa kaka yangu, alikuwa anaanika nguo.

Lakini nirudi nyuma kidogo, maana jambo lenyewe nililianza mimi, miezi kadhaa kabla ya hapo.

Ilikuwa miaka ile ya ruksa, biashara ilipofunguliwa. Nyaya na swichi tulizozoea kuzisubiri mpaka tukate tamaa, sasa zilijaa madukani Sumbawanga mjini. Kila mwenye nyumba ya bati alitaka taa. Sisi vijana tulioijua kazi nusunusu tukaitwa mafundi, vichwa vikavimba. Kaka akanipa nyumba yake, akasema hawezi kumwita mtu baki na mdogo wake yupo.

Aliyenifundisha kazi, Mzee Sikazwe, hakuwa mtu wa maneno mengi. Alinieleza kwamba kila nyumba lazima iwe na fimbo ya shaba iliyozama ardhini, ili umeme ukipotea njia ushukie huko na fyuzi ikatike kabla haujamkuta mtu. Akaniambia, "Ardhi ikikataa hapa, hama hapo. Fimbo haikatwi." Nikaitikia, ndiyo mzee. Kuitikia si kazi.

Kwa kaka nilipiga nyundo, fimbo ikafika nusu, ikagota kwenye mwamba. Jua limepanda, nyumba nyingine mbili zinaningoja. Nikachukua msumeno wa chuma nikaikata. Kichwa kikabaki kimechomoza vizuri, nikafunga juu yake waya wa ethi, ule unaotoka kwenye bati na swichi kwenda ardhini. Mkaguzi alipokuja aliona kichwa tu, nani angefukua? Na waya wa kwenda jiko la nje niliupitisha kwenye ukingo wa bati, bila bomba. Haraka haraka haina baraka, sote tunausema usemi huo huku tunakimbia.

Upepo ukautikisa waya ule siku baada ya siku, hadi ganda la plastiki likachubuka na bati zima likashika umeme. Fyuzi haikukatika, kwa sababu fimbo yangu haikufika kwenye udongo wenye unyevu. Na kamba ya nguo, kama ilivyo kwetu, ilikuwa waya wa chuma uliofungwa kwenye paa. Maria alikuwa peku kwenye tope la maji ya kufulia, ana shuka mbichi mikononi, alipoigusa kamba ile.

Nilipofika walikuwa wameshamlaza sebuleni. Kaka alinikumbatia, akasema, "Kazi ya Mungu haina makosa, mdogo wangu." Kisha akaniomba niikague nyumba, maana mimi ndiye fundi.

Nikaikagua. Hatua nne tu kutoka pale kwenye mwamba, fimbo mpya ikazama yote bila kugoma. Nililia, na watu wakadhani namlilia shemeji tu.

Sikumwambia kaka. Nilijipanga miaka na miaka. Mara ana harusi ya binti, mara anaumwa. Mwaka juzi tulimzika kando ya mkewe, kule Msanzi. Nimeungama kwa padre, akaniondolea dhambi, nami sijapona. Majuto ni mjukuu, na wangu amezeeka pamoja nami.

Basi wewe unayeshika koleo leo, nisikie. Fimbo izame yote. Ikigota hama, hata mwenye nyumba akinuna. Waya upite kwenye bomba, usiguse bati. Kamba ya nguo ifungwe kwenye miti, mbali na paa. Na ukikosea, sema siku hiyohiyo, angali yupo wa kukusamehe. Mimi sina tena.

Nusu ile niliyoikata ninayo hadi leo, uvunguni mwa kitanda changu. Mungu akujalie, mwanangu, kitanda kisicho na kitu uvunguni.