Nyamunyamu kwenye Bukari ya Muzungu

Mjukuu wangu anasoma Bujumbura. Juzi alinieleza wanavyotenganisha ADN, wengine husema DNA: wanaitia kwenye vishimo vya kitu laini kinachotetemeka, wanapitisha umeme, vipande vidogo vinakimbia, vikubwa vinajikokota nyuma. Nikamwambia, hayo nimeyaona. Yetu ilikuwa ya samaki.

Uhuru ulikuwa bado mpya, nami bibi harusi mpya hapa Rumonge, napika kwenye jiko la mama mukwe wangu. Nilitaka mafiga yangu mwenyewe, nipike kwangu, basi. Siku moja nikasema nyamunyamu, wale samaki wadogo aliokuwa akiuza, ni watoto wa mukeke, yule samaki mkubwa wa ziwa letu. Akawaka.

"Watoto? Nyamunyamu iko kabila lake! Unioneshe mama yao, nakupa mafiga kesho."

Kulikuwa na muzungu mtafiti wa samaki amepanga nyumba karibu na ziwa, ana mashine ya umeme inayokohoa mchana kutwa. Tukampelekea mukeke mmoja na nyamunyamu mmoja atuamulie. Akapika wanga wa viazi mpaka ukawa mzito, akaumimina kwenye sahani bapa upoe.

"Bwana, ongeza unga!" mama mukwe akamwambia, akidhani ni ugali. "Hiyo bukari haishibishi mutu."

Muzungu akaponda nyama za samaki, akalowesha vikaratasi kwenye maji ya nyama hizo, akavichomeka ndani ya wanga, akawasha umeme. Mama mukwe akachungulia.

"Mbona hawaogelei?"

"Wamekufa tangu asubuhi, mama."

"Sasa tunangoja nini?"

Jioni muzungu akaukata ule wanga kama mkate, akaupaka rangi, akauosha. Mistari ya buluu ikatokea. Ya mukeke na ya nyamunyamu ilikuwa imesimama sawasawa.

"Samaki ni mmoja," akasema. "Huyu ni mdogo tu."

Nikapiga kigelegele. Mama mukwe hakutikisika.

"Vizuri. Mutoto wa mukeke anaogelea nyuma ya mama yake. Na wewe, mukazana, muke wa mutoto wangu, utabaki nyuma yangu. Twende ukapike."

Nikamjibu, na adabu yote niliiacha mlangoni kwa muzungu:

"Mama, mukeke anakula watoto wake. Kila tukimpasua tunawakuta tumboni."

Alinikazia macho. Halafu akacheka mpaka kanga ikamdondoka.

"Basi hama haraka, nisije nikakumeza!"

Asubuhi akaniletea mafiga mwenyewe, mawili. La tatu, akasema, nikamwombe muzungu.