Mlango Ambao Emery Hakuujenga Uvunjwe

Karibu kila alichojenga Emery, alikijenga kivunjwe. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake, wala msicheke. Kule kwao Uvira alichora mapazia ya studio ya picha, ziwa na maua, watu wakisimama mbele yake na nguo za Jumapili. Alipofika Stockholm mwaka 2003, mkono ule ule ukampatia kazi ya kujenga mandhari ya filamu. Mara ya kwanza alisimamisha mtaa mzima wa Shanghai ya kale ndani ya ghala huko Märsta, na vibao na taa za karatasi. Wakauteketeza kabla ya chakula cha mchana.

"Nyumba ya filamu ni mbuzi wa arusi," alikuwa akisema. "Unamlisha, na kisu unakijua."

Mwaka 2010 ikaja filamu ya vita vya kwao. Mwongozaji, Mswidi aitwaye Henning, alitaka mlango wa kupasuka kwa teke moja. Aliyeigiza askari ni Kiptoo, Mkenya mwenye miguu kama mihimili na mdomo usiopumzika. Mwanamke wa nyuma ya mlango ni Dorothée, mke wa Emery, aliyejitolea mwenyewe.

Asubuhi ile Dorothée akaugonga mlango kwa kidole. Ukalia kama boksi.

"Baba Maombi, huu ni karatasi."

"Ndivyo walivyoagiza."

"Wa Uvira ulikuwa mzito. Na bado waliingia."

 Kaka yake Dorothée alikatwa mapanga na wavamizi kwenye kizingiti cha nyumba yao ya Uvira. Emery akaenda kwenye mbao zake, akaunda mlango mwingine wa msonobari, na komeo la chuma kwa ndani. Hakumwambia mtu ila mkewe.

"Fundi, usije ukalia nikikupasulia kazi yako," Kiptoo akamtania.

"Ipasue kwanza."

Kamera zikawashwa. Teke la kwanza likamrudisha Kiptoo nyuma. La pili likamtegua kifundo. Watu wakacheka, na kicheko kile ndicho kilichomharibu. Akanyakua shoka la Emery, shoka la kweli, akaanza kukata. Kibanzi kikampasua shavu, damu ikamwingia mdomoni, naye akazidi kukata. Ndani Dorothée alipiga ukelele ambao haukuandikwa popote. Henning akainua mkono: msizime.

Emery akaruka nyaya za taa, akampiga Kiptoo nyundo begani. Mfupa ukalia. Akampiga tena akiwa chini, na nyundo ilikuwa juu kwa mara ya tatu komeo lilipovutwa.

"Baba Maombi," Dorothée akasema, amesimama mlangoni. "Hakuingia. Inatosha."

Emery alifungwa, na alipotoka hakuna filamu iliyomwita tena. Kiptoo humsalimu kanisani kwa mkono wa kushoto. Mlango ule Dorothée na binti yao Maombi waliubeba kwa treni hadi nyumbani kwao Vällingby, abiria wakiwapisha bila kuuliza neno. Sasa ni wa chumba chao cha kulala, na makovu yake yote. Ukienda kuwaamkia, Dorothée ataingia ndani, atalisukuma komeo, kisha utamsikia akikwambia: piga teke.