Mashine Haisomi Vidole vya Mamdogo

Admin, jina langu lifiche, na kampuni pia sitaitaja. Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na mbili, nimeolewa, nina mtoto mmoja, tunakaa Donholm. Nafanya kazi katika ofisi ya wafanyakazi kwenye kiwanda kimoja cha viatu huku Eastlands. Nimechoka, jamani. Ule uchovu wa kuamka asubuhi mwili ukiwa tayari mzito.

Mama yangu mzazi alifariki nikiwa mdogo sana. Nililelewa Majengo na mdogo wake, ambaye namwita Mamdogo. Alikuwa akishona sandali za ngozi pale Kariokor, na kwa kazi hiyo akanisomesha mpaka chuo. Baadaye akaajiriwa kwenye hiki kiwanda, upande wa kubandika soli. Nafasi ilipotokea ofisini, ni yeye aliyeniambia niombe. Nilipoipata alinikalisha chini akasema, "Kule usiniite mama. Watasema nimekuingiza." Tukakubaliana hivyo. Kazini ananiita madam kama wenzake, na jioni napitia kwake kula mbaazi za nazi.

Mwaka jana meneja akaleta mfumo mpya wa kompyuta. Zamani watu walikuwa wakisaini kitabu getini, na kusema kweli kulikuwa na mchezo, huyu akimsainia mwenzake ambaye bado amelala nyumbani. Sasa kila mtu anaweka kidole kwenye mashine, na kompyuta inajua nani amekuja, nani hakuja, nani ako likizo. Mimi ndiye niliyepelekwa kufunzwa, nikasimama mbele ya wafanyakazi kuwaelezea. Niliupenda ule mfumo. Nilidhani sasa kila mtu atapata haki yake.

Wiki ya kwanza tu, mashine ikamkataa Mamdogo. Miaka ya ngozi, msasa na gundi imemsugua vidole mpaka alama zote zimeisha. Anaweka kidole cha kulia, mashine inalia. Anaweka cha kushoto, inalia. Nyuma foleni inapiga kelele, "Mathe, songa basi, tunachelewa!" Anapangusa vidole kwa leso, anajaribu tena, kisha anaingia zake ndani. Anabandika soli kutwa nzima, na kompyuta inaandika hakuja.

Mwanzoni nilikuwa nikimrekebishia siku zake mimi mwenyewe. Lakini mfumo huonyesha kila aliyegusa kitu, na meneja akaniita. Nikamweleza kwamba mashine haimsomi, nikamwomba tumpe kadi kama fundi wa mfumo alivyoshauri. Akakataa. "Kadi mtu ataazima mwenzake, turudi palepale. Mashine haina ndugu." Akanifungia ruhusa ya kurekebisha.

Maonyo ya kukosa kazi yakaanza kwenda yenyewe kwa simu ya Mamdogo. Jioni moja akanipa simu nimsomee, kwa sababu miwani yake ilikuwa imevunjika. Chini kabisa palikuwa na jina langu, maana mfumo huweka jina la afisa bila kumuuliza. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza polepole, "Ni wewe umeandika, mwanangu?" Nikamwambia ni kompyuta. Akasema, "Haya," akanipakulia chakula.

Halafu akaitwa kikao cha nidhamu. Mimi nilikuwa mwandishi wa kikao. Msimamizi wake, anayemwona kila siku, aliulizwa kama huyu mama huja kazini. Akaangalia chini. "Mkubwa, siku hizi hiyo ni kazi ya mashine. Mimi siwezi kubishana nayo." Mamdogo akainua mikono yake, akawaonyesha vidole. "Mimi nakuja. Hivi viatu mnavyouza, nani anabandika?"

Ndipo meneja akamgeukia. "Mama, wewe na huyu madam mna undugu? Maana alikuwa anakutengenezea siku zako."

Nilifungua mdomo, lakini Mamdogo akaniwahi. Alinitazama vile unavyotazama mtu mliyepishana barabarani. "Simjui. Namwona tu hapa ofisini."

Na mimi, watu wangu, nikayaandika hayo maneno kwenye kompyuta. Mamdogo akafutwa kazi.

Nilipomfuata nyumbani nilikuwa nalia hata kubisha hodi siwezi. Yeye akanifungulia akanishika kichwa. "Mimi nimezeeka. Wewe una mtoto. Ulitaka tufutwe wote?" Mume wangu naye anasema hivyohivyo, kwamba nikae kimya, kwani yeye mwenyewe anategemea vibarua.

Sasa mwakilishi wa wafanyakazi amemwombea rufaa na itasikilizwa wiki hii. Ofisini hakuna mwingine anayeweza kueleza kwamba alikuwa anakuja na mashine ndiyo ilimkataa. Nikisema, undugu utatoka nje, watasema marekebisho yote yalikuwa ya upendeleo, na huenda tukapoteza sote. Mamdogo ameshaniapia: "Ukisema wewe ni mwanangu, nitawaambia unadanganya." Ningejaribu kumtii, lakini jana meneja aliniambia niandae kikao cha nidhamu cha wanawake wengine wawili wa palepale kwenye gundi. Mmoja alinisimamisha kwa kona akanionyesha vidole vyake vilivyosuguka. "Madam, wewe ulisema hii kitu itatusaidia."

Nikaingia ofisini nikajifungia.

Nyinyi mnaosoma hapa, hasa mliolelewa na mtu ambaye hakuwazaa, naomba mawazo yenu bila matusi, nimeshajitukana vya kutosha. Nimtii Mamdogo ninyamaze, ama nisimame niseme ni mama yangu, hata kama yeye mwenyewe atanikana mbele yao?