Rimoti isiyo na taa

Nawashukuru wote walionicheka bila kunifukuza.

Mimi hupiga video za harusi hapa Kamembe. Juzi niliamua kufunga kamera yangu ndogo kwenye pembe ya ng'ombe wa mahari. Kwa kuwa ng'ombe hasogelewi ovyo, nikaenda kununua rimoti. Maman Zuhura, mwenye duka, akaniwekea mbili.

"Papa, beba hii. Iko na taa. Ikiwaka, unajua inakamata picha."

"Taa ni ya batu benye hawajue kazi," nikajibu, nikachukua ile isiyo na taa.

Ng'ombe alipoingia uani kwa kina bibi harusi nikabonyeza kwa madaha. Kumbe kamera ilikuwa inarekodi tangu nilipoijaribu, nami nikaizima. Sherehe ilipokwisha nikabonyeza tena ili kuizima, ikaanza kurekodi.

Jioni tukakusanyika mbele ya televisheni. Vigelegele hamna, wageni hamna. Ni mimi tu, pua kubwa kama kiazi, nachokoa meno. Watu wakacheka hadi machozi. Kisha kwenye skrini akatokea Mzee Saidi, baba wa Amina, bibi harusi, aliyekuwa amenuna mchana kutwa. Alikuwa peke yake, ameshika shingo ya ng'ombe, analia.

"Amina ananiulizaka kila asubuhi kama nimelala muzuri. Wewe utaniuliza?"

Kicheko kikakatika. Mzee akajifunika uso kwa kofia. Mimi nikawa natafuta mlango. Amina akainuka, akapiga magoti mbele ya baba yake.

"Papa, umelala muzuri?"