Kaka Aliyeinama Kila Mlangoni

Kaka yangu alifanya kazi ya mgodini mpaka mgongo ukazoea kujikunja wenyewe. Hata akija kwangu, ambako mlango unapitisha kabati lililosimama, lazima ashushe kichwa. Wanangu walimbatiza Mjomba Inama, naye huitika bila kinyongo.

Mashine ya kutoboa mwamba ilimharibia masikio pia, kwa hiyo akiomba chumvi, mtaa mzima unajua. Wenzake waliona sauti ile isipotee bure, wakamchagua katibu wa chama cha wafanyakazi. Alipogombea ubunge, watu walimwona anavyoinama kila mlangoni, wakasema hatimaye tumepata mtu mnyenyekevu. Unyenyekevu wa kaka yangu naujua, ni wa uti wa mgongo tu.

Aliahidi jambo moja: magogo yanayoshikilia paa la mgodi yatolewe, ziwekwe nguzo za chuma. Akashinda, akahamia mjini, akashonewa suti, na mshauri wake akamfundisha kutembea kifua mbele. Nguzo hatukuziona. Mume wangu, aliyekuwa akitoboa mwamba pamoja naye, aliendelea kushuka kila asubuhi, nami nikabaki juu roho mkononi.

Uchaguzi ulipokaribia, mheshimiwa alirudi kuomba kura. Akashuka mgodini na wapiga picha, kifua mbele vilevile. Hakufika mbali. Kofia ngumu iligonga mwamba, ikaruka, na suti ikakaa kwenye tope.

Mume wangu alimpa mkono. "Pole, shemeji. Paa halijashuka, liko palepale ulipoliacha."

"Na magogo haya?"

"Si ndiyo yale uliyoyasimamisha wewe."

Kaka aligusa gogo moja, kidole kikazama kwenye mti uliooza. Hotuba hakuitoa.

Jioni alikuja kwangu. "Nguzo zitakuja, mdogo wangu."

"Nimesikia," nikamjibu. "Na majirani ni mashahidi."

Asubuhi akavaa ovaroli ya mume wangu, iliyomfika nusu ya miguu, wakashuka pamoja. Kutoka huko chini akatuma neno: hatapanda mpaka nguzo zishuke. Nilikasirika, maana sasa nilikuwa na wawili wa kuwaogopea. Wakalala huko na wenzao mpaka lori la nguzo likafika.

Aliporudi kwangu, tope hadi masikioni, aliinama mlangoni kama zamani. Sikumcheka. Nilimwambia avue viatu nje.